Kuku Kwenye Kona ya Picha

Mimi hupiga video ambazo hakuna mtu atakayelipa kiingilio kuzitazama. Namna ya kunawa mikono. Namna ya kutundika chandarua. Namna ya kuvaa helmeti na buti kabla ya kuingia kiwandani. Mafanikio ya mradi fulani katika mwaka wake wa tatu: dakika nne na nusu, gitaa linalia kwa mbali, mama mmoja anatabasamu kando ya pampu ya maji. Ukikaa Diani na una kamera, riziki iko sehemu mbili, harusi za wageni ufukweni au hizi. Harusi zina msimu. Hizi hazina. Kuanzia Tiwi hadi Vanga hakosi mtu anayetaka kumfundisha mwenzake kitu, na mara nyingi ametengewa bajeti ya video.

Jina langu halitokei mwishoni. Hutokea nembo, wakati mwingine nembo saba. Wenzangu wa Nairobi wanaopiga muziki na tamthilia huniambia hiyo si sinema, bana, hiyo ni ripoti inayotembea. Sawa. Lakini ukifuatilia mwanzo wa sinema iliyotengenezwa Afrika Mashariki kwa ajili ya watu wa Afrika Mashariki, hutakuta mapenzi wala ngumi. Utakuta minyoo, kodi na akiba ya Posta. Sisi wa video za choo ndio wakongwe wa kazi hii. Hao wa tamthilia ni wageni wetu.

Mkongwe mmoja anaitwa Meja L. A. Notcutt, na nimekuwa nikimsoma kwa miaka kadhaa sasa kama mtu anavyosoma habari za babu aliyeacha madeni. Hakuanza na kamera. Alianza na mkonge. Miaka ya 1920 Notcutt alikuwa msimamizi wa mashamba ya mkonge huku Afrika Mashariki. Mkonge ni kazi ya kuchoma mikono na kuvunja mgongo: unakata majani yenye miiba, unafunga matita, unahesabiwa. Upande wa Tanga wafanyakazi wa mkataba waliitwa manamba, kwa sababu kwenye daftari la tajiri mtu alikuwa namba kwanza, jina baadaye. Na kilio cha matajiri wa mashamba kilikuwa kimoja miaka nenda miaka rudi: watu hawakai. Wanakuja, wanapata pesa ya kodi, wanarudi kwao kulima.

Notcutt akawaza kwamba sinema ya shambani ingesaidia. Mtu akipata cha kutazama jioni, ataridhika, na akiridhika atakaa. Wala hakulificha hilo. Alilieleza yeye mwenyewe kwenye kitabu alichokiandika pamoja na mwenzake, *The African and the Cinema*, kilichotoka 1937. Akaanza kujaribu kupiga filamu fupi akiwatumia waigizaji Waafrika, miaka mingi kabla ya mradi uliompa jina.

Hapo ndipo mimi husimama kila nikisoma. Sinema ya mafunzo huku kwetu hatukuletewa na mwalimu. Wazo lilitoka kwa msimamizi wa shamba aliyekuwa akitafuta namna ya kumfanya kibarua asitoroke. Filamu ya elimu na filamu ya kiwanda, ambazo leo tunazitoza bei tofauti kwa wateja tofauti, zilizaliwa tumbo moja.

Mwanzoni mwa miaka ya 1930 wazo la Notcutt lilikutana na watu wenye uwezo. Mmarekani J. Merle Davis, wa Baraza la Kimataifa la Wamisionari, alikuwa ameongoza uchunguzi kuhusu maisha ya Waafrika kwenye migodi ya shaba ya Rhodesia ya Kaskazini, ambayo leo ni Zambia. Alichokiona kule kilimtia wasiwasi: vijana wametoka vijijini, wana mshahara na jioni ndefu, na hakuna anayejua watakuwa watu wa namna gani. Davis akatafuta pesa na Carnegie Corporation ya New York ikatoa. Mradi ukaitwa Bantu Educational Kinema Experiment, kwa kifupi BEKE. Notcutt akawa mkuu wa upigaji picha na utengenezaji. Upande wa elimu akashika G. C. Latham, aliyewahi kuongoza idara ya elimu ya Waafrika huko Rhodesia ya Kaskazini. Kati ya 1935 na 1937 wakatoa filamu fupi 35.

Makao yao yalikuwa Vugiri, kwenye milima ya Usambara, juu ya Korogwe. Kwa sisi wa Kwale hapo si mbali. Vuka Lunga Lunga, toka Horohoro, pita Tanga mjini, pita Muheza, fika Korogwe kisha uanze kupanda. Wadigo wako pande zote mbili za mpaka. Shangazi yako anaweza kuwa Moa na wewe uko Vanga, na kwenye arusi mnakutana. Kwa hiyo ninaposema sinema hii ni ya kwetu sisemi kwa kulazimisha. Filamu za Vugiri zilizungushwa Tanganyika, Kenya, Uganda, Nyasaland na Rhodesia ya Kaskazini, kwa lori lenye projekta na jenereta.

Kama mtu wa kamera, lazima nimpe Notcutt haki yake. Alichagua mkanda wa milimita 16 wakati ambapo mafundi wa studio waliuona kama kifaa cha wapenda picha wa nyumbani. Alitaka bei nafuu. Na kwa upande wa sauti alifanya jambo ambalo hadi leo naliona la akili: sauti haikuwekwa kwenye mkanda, ilirekodiwa kwenye santuri, na santuri ikachezwa sambamba na projekta. Faida yake ni kwamba picha ilikuwa moja na lugha nyingi. Ukifika penye watu wa Kiswahili unaweka santuri ya Kiswahili, ukifika Uganda unabadilisha. Mimi leo nikitakiwa kutoa klipu moja kwa Kiswahili, Kidigo na Kiduruma nafanya hivyo hivyo, ila santuri yangu ni faili. Hasara yake ni kwamba mkanda wa filamu hukatika. Ukikatika unaunganishwa, na fremu chache zinapotea, ila santuri haijui kama mkanda umekatika. Mhusika anafunga mdomo na maneno yanaendelea kumtoka. Sijui kama kuna picha nzuri zaidi ya kueleza filamu hizi kuliko hiyo.

Sasa tuje kwenye maneno yenyewe.

Mojawapo ya filamu za kwanza ilihusu benki ya akiba ya Posta. Mtu mmoja anazika pesa zake ardhini, mwizi anazifukua. Mwenzake anaziweka Posta, na zinabaki salama. Nyingine ilihusu kodi: ilieleza pesa ya kodi inafanya kazi gani. Fikiria wewe ni manamba wa 1936. Umeondoka kwenu kwa sababu ya kodi, uko kwenye mkonge kwa sababu ya kodi, na jioni, kujiburudisha, unaonyeshwa filamu kuhusu uzuri wa kodi. Ningependa sana kusikia vichekesho vilivyopigwa gizani usiku ule.

Lakini filamu inayonigusa mimi zaidi ni ya minyoo ya safura, kwa sababu hiyo bado tunaipiga hadi leo.

Safura, kwa mtoto wa mjini ambaye hajaisikia, ni ugonjwa wa minyoo midogo inayojikita kwenye utumbo na kunyonya damu. Mayai hutoka na kinyesi. Kama kinyesi kimeachwa kwenye udongo wenye joto na unyevu, hasa wa kichanga, na Kwale udongo wa namna hiyo tunao mpaka wa kugawa, mayai huanguliwa baada ya siku moja au mbili. Viluwiluwi vinapenya ngozi ya unyayo, vinaingia kwenye damu, vinapita mapafuni, vinapanda kooni, vinamezwa, vinafika utumboni. Mtu anapungukiwa damu polepole. Hafi mara moja. Anachoka tu. Anachoka leo, anachoka kesho, na watu wanaanza kumwita mvivu.

Neno hilo ndilo lililowafanya wenye mali wajali. Huko Marekani, mwaka 1909, mfuko wa Rockefeller ulianzisha kampeni kubwa dhidi ya safura kwenye majimbo ya kusini, na magazeti ya kule yakamwita mnyoo huyu mdudu wa uvivu. Mwaka 1920 watu wa Rockefeller wakatoa filamu kumhusu, *Unhooking the Hookworm*, ikasafirishwa nchi nyingi. Hapa Kenya pia, katika miaka hiyo ya 1920, daktari wa serikali A. R. Paterson alitumia filamu kufundisha kuhusu safura. Kwa hiyo BEKE walipoingia kwenye mada hiyo walikuta njia imeshafyekwa. Safura ilikuwa mada tamu kwa kila aliyekuwa na pesa: misionari alipata tendo la huruma, daktari alipata somo la usafi, na mwenye shamba alipata kibarua asiyechoka.

Na suluhisho kwenye filamu za aina hii huwa ni lile lile. Chimba choo. Kunywa dawa. Vaa viatu. Yote ni kweli, wala sina ugomvi na choo. Ila tazama anayeambiwa ni nani. Shambani, aliyeamua kambi ya vibarua ijengwe wapi, iwe na vyoo vingapi na mshahara uwe wa kununua viatu au wa kununua unga, hakuwa kibarua. Kibarua ndiye aliyeketishwa mbele ya shuka jeupe akafundishwa tabia. Aliyekuwa na uwezo wa kubadilisha mambo alikuwa nyuma ya projekta.

Ukidhani hiyo ni hasira ya mtu wa leo dhidi ya wazee wa jana, hebu tulia kidogo na takwimu za hapa hapa Kwale. Kati ya 2015 na 2017 watafiti walifanya jaribio kubwa katika kaunti yetu, lililopewa jina la Kiswahili kabisa, TUMIKIA, yaani Tuangamize Minyoo Kenya Imarisha Afya. Kwa miaka mingi desturi ilikuwa kuwapa dawa watoto shuleni, mara moja kwa mwaka. TUMIKIA iligawa kaunti katika vitengo 120 vya afya ya jamii. Sehemu moja ikaendelea na dawa za shuleni, sehemu nyingine dawa zikapelekwa nyumba kwa nyumba kwa watu wa rika zote mara moja kwa mwaka, na sehemu ya tatu nyumba kwa nyumba mara mbili kwa mwaka. Baada ya miezi 24, kule kwa shule pekee maambukizi ya safura yalishuka kutoka asilimia 18.6 hadi 13.8. Kule kwa kila mtu mara moja kwa mwaka, kutoka 17.9 hadi 8.0. Kule kwa kila mtu mara mbili, kutoka 20.6 hadi 4.6.

Soma tena hizo namba. Mtoto anakunywa dawa shuleni, anarudi nyumbani anakanyaga udongo ule ule na mzazi wake hajapewa kitu. Haikuhitajika tabia mpya ili namba zishuke namna hiyo. Ilihitajika dawa ifike mlangoni, na ifike kwa wote. Karibu karne nzima baada ya filamu za kwanza za safura, jambo lililofanya tofauti kubwa kiasi hicho lilikuwa uamuzi wa wenye dawa. Na mimi niliyekulia Msambweni, niliyemeza vile vidonge darasani tukiwa tumepanga foleni na vikombe vya plastiki, sikumbuki video hata moja iliyowahi kuelekezwa kwa wenye dawa.

Turudi kwa Notcutt. Mradi wake ulikwisha 1937. Serikali za kikoloni zilipoombwa kuuendeleza kwa pesa zao hazikutaka. Miaka miwili baadaye vita vikaja, na ghafla pesa ya sinema ikapatikana: London wakaanzisha Colonial Film Unit, 1939, chini ya William Sellers, afisa wa afya aliyekuwa ameonyesha filamu za usafi huko Nigeria. Moja ya filamu zao za mwanzo, *Mr. English at Home*, ya 1940, ilionyesha siku moja ya familia ya kawaida ya Kiingereza, ili tuone tunaombwa tuwapiganie watu gani. Baadaye wakawa wanatuma kamera na mikanda kwa maafisa walioko kwenye makoloni wapige wenyewe, mikanda irudi London kuhaririwa. Kitengo hicho kilidumu hadi 1955.

Sellers alikuwa na nadharia. Mwaka 1941 aliandika makala kuhusu filamu za watu ambao yeye aliwaita wa kale, neno lake likiwa na dharau kuliko ninavyolitafsiri, na akaweka sheria: picha ziende polepole, kila picha iwe na jambo moja, kusiwe na mbinu za kuruka wakati wala mahali, kamera isichezechezwe. Mwafrika hataelewa. Kumbuka kwamba zaidi ya miaka kumi kabla yake mwanasayansi Julian Huxley alikuwa ameshazunguka Afrika Mashariki na filamu za elimu akiwaonyesha wanafunzi, na alirudi akisema walizielewa vizuri. Haikusaidia. Nadharia ikiwa inamfaa bwana, ushahidi hauna haraka ya kufika.

Kuna hadithi maarufu ya enzi hizo, ile ya mbu. Filamu ya malaria inamwonyesha mbu amejaza kitambaa chote, na mzee anasimama mwishoni anasema: nashukuru, ila huku kwetu mbu ni wadogo. Ilisimuliwa karibu kila koloni, mahali pengine mbu akageuka chawa, pengine mbung'o, jambo linalonifanya niamini ilikuwa hadithi ya baa za wazungu kuliko kitu kilichotokea. Na hata kama ilitokea, mimi namwona mzee yule akiwa na ulimi mkali tu. Wazee wa Kwale wangesema hivyo hivyo na uso mkavu, kisha wakacheke barazani.

Hadithi ya kuku ni tofauti. Hiyo ilisimuliwa na John Wilson, aliyefanya kazi na filamu hizi, na mwaka 1962 Marshall McLuhan akaipeleka duniani kwenye kitabu chake *The Gutenberg Galaxy*. Afisa wa afya alipiga filamu ya dakika kama tano, polepole kabisa kwa sheria zilezile, kuhusu kuondoa maji yaliyotuama nyumbani: mtu anaokota kopo, anamwaga maji, anaweka kando, anaokota lingine. Ikaonyeshwa kwa watu kama thelathini. Wakaulizwa mmeona nini. Wakajibu: kuku.

Watengenezaji wakashangaa. Hawakujua kama kuna kuku. Wakarudi kwenye mkanda, wakautazama fremu kwa fremu, na kweli, kuku alikatiza kwenye kona ya chini kwa sekunde moja hivi. Kuanzia hapo Wilson na McLuhan wakajenga nadharia kwamba mtu asiyejua kusoma haoni picha nzima, anaokota vipande.

Mimi nafanya kazi hii, na nakuambia watu wale waliona sawasawa. Dakika tano za mtu anayeokota makopo kwa amri! Kila mwendo umepangwa, kila hatua imerudiwa mara tatu. Ndani ya filamu ile kulikuwa na kiumbe kimoja tu ambacho hakikuambiwa na mtu afanye nini. Jicho la binadamu hukimbilia hapo, liwe la Kinango au la Chicago. Isitoshe, wenye filamu ndio walioshindwa kuona kitu kilichokuwa kwenye picha yao wenyewe. Hao ndio wangepimwa macho.

Kuna mmoja aliyetoka kwenye filamu za mafunzo akaonekana na nchi nzima, na vijana wengi hawajui. Mwanzoni mwa miaka ya 1950, Tanganyika ilitengenezewa filamu za Kiswahili na kampuni ya Afrika Kusini kwa ushirikiano na serikali, mojawapo *Muhogo Mchungu*, kisa cha mtu wa shamba anayefika mjini na kutapeliwa. Mafunzo yale yale: mji una hatari, rudi kwenu. Mhusika mkuu alikuwa Rashidi Kawawa, kijana wa idara ya ustawi wa jamii aliyekuwa akizunguka na sinema ya serikali. Mwaka 1962 Kawawa akawa Waziri Mkuu wa Tanganyika. Kuku alitoka kwenye kona akaja katikati.

Huku kwetu picha ziliendelea kupigwa, wateja tu ndio waliobadilika. Miaka ya 1980 Kwale ilikuwa shamba darasa la maji: mradi wa pampu za mkono ulioanza 1983, ambao ulisaidia kuipa dunia pampu ya Afridev, na ambao uliwafunza kina mama kufungua pampu na kuitengeneza wenyewe wakati bado watu walisema spana si ya mwanamke. Miaka ya 2010 ikaja Gazi. Pale Mikoko Pamoja, ulioanza 2013, vijiji vya Gazi na Makongeni vinalinda mikoko na kuuza hewa ya kaboni. Nimepiga picha kwenye lile daraja la mbao la kina mama mara nyingi hata kaa wananijua. Mwongozaji kutoka nje huja na karatasi: mama, mche wa mkoko, tope, tabasamu. Ukitaka kujua kuku wa Gazi ni nani, ngoja kamera izimwe uwasikie wale mama wakibishana kuhusu pesa itumike wapi mwaka huu. Hiyo ndiyo filamu, mwenzangu, na hakuna aliyeilipia.

Kisha kuna viwanda. Ramisi, kiwanda cha sukari kilichokuwa moyo wa upande ule wa Msambweni, kilikufa 1988, na wazee bado wanaweza kukuelekeza kwa kutumia kengele ya zamu ambayo haipo tena. Halafu madini. Base Titanium ilianza kusafirisha mchanga wake kupitia Likoni Februari 2014, na Desemba 2024 uchimbaji ukakoma. Ilmenaiti, rutaili, zirkoni: maneno ambayo watoto wa Ukunda waliyajua kabla ya wa Nairobi. Familia za Maumba na Nguluku zilihamishwa kupisha mgodi. Bwawa likajengwa kwenye mto Mukurumudzi. Miaka kumi na kidogo, mwanzo mpaka mwisho, ndani ya umri wa kijana mmoja.

Video ya mgodi, popote duniani, ina ngazi zake kama sala. Droni alfajiri. Mtambo. Kijana wa hapa hapa kwenye helmeti akisema jinsi maisha yake yalivyobadilika. Darasa jipya. Mche unapandwa. Sisemi ni uongo. Kijana yule kweli alipata kazi, darasa kweli lina paa. Ila kamera hiyo huanza kuwaka siku mtambo unapofika. Mkorosho uliokuwa pale kabla, njia ya mkato ya kwenda kisimani, kaburi la nani lilikuwa upande gani, hayo hayamo kwenye orodha ya picha. Na sasa uchimbaji umekwisha na watu wanabishana ardhi ile iwe nini na ya nani, ndipo unasikia vijana wakiulizana: kuna mtu ana picha ya kilima kabla?

Picha za kazi ya kulipwa huwa kwa aliyelipa. Kwenye mikataba yangu karibu yote kuna kifungu kinachosema kila nilichopiga, kilichotumika na kisichotumika, ni mali ya mteja. Miaka michache iliyopita shirika moja lilinituma kijiji kimoja kwa ajili ya klipu ya minyoo. Safura ile ile. Nilikuwa na orodha ya picha kumi na mbili. Kwenye picha ya saba mama mmoja alitakiwa aseme: sasa watoto wangu wanavaa viatu. Akasema. Kisha, kabla sijashusha kamera, akamgeukia afisa akamuuliza kwa upole, tena kwa adabu zote: "Na hivi mwanangu, viatu vya wanne mnavyotaka nivae mimi na wenzangu, tutavitoa wapi? Ama nyinyi mmekuja na vya kwenye picha tu?" Watu wakacheka. Afisa naye akacheka. Ilikuwa sekunde kumi na nne, mwanga mzuri, sauti safi.

Haikuingia, na hilo nililitarajia. Kilichonikaa rohoni ni kwamba niliitoa diski nzima kwa mkataba, na mwaka uliofuata nilipoomba sekunde zile kwa ajili ya maonyesho ya vijana Ukunda, niliambiwa picha zisizotumika zilifutwa ili kupata nafasi. Swali bora kuhusu safura nililowahi kulisikia lilifutwa kwa sababu diski ilijaa.

Sasa uone bahati ya Notcutt. Kati ya filamu zake 35, tatu ziko salama kwenye hifadhi ya BFI huko Uingereza, na moja kati ya hizo ni ya safura. Majina yanayotajwa kila BEKE ikizungumzwa ni yale yale, Notcutt, Latham, Davis. Lakini waliopigwa picha wamo mle ndani, wanatembea, na nyuma yao kuna nyumba, miti, namna ya kufunga kanga, namna ya kubeba mtoto, vitu ambavyo Meja hakuvipanga. Nikitazama filamu za zamani siku hizi sisikilizi somo kabisa. Natazama kona.

Tangu yale ya diski, mkataba wangu una kifungu changu pia. Kinasema baada ya miaka mitano nakala ya kila kilichopigwa kijijini, hata kisichotumika, irudi kijijini, isipokuwa pale aliyepigwa picha anapokataa. Wateja wawili wamekubali bila maneno. Mmoja aliniuliza kijiji kitazifanyia nini. Wa nne alipeleka kwa wakili wake, na mpaka leo wakili bado anasoma.

Diski ya kwanza ilirudi mwaka huu. Iko kwenye kabati la mwalimu mkuu wa shule moja ya msingi upande wa Msambweni, pamoja na mipira na chaki. Wiki iliyopita amenipigia kuuliza kama itafunguka kwenye kompyuta zao, kwa sababu kuna wazee wanne wamekuja ofisini na wamekataa kuondoka.